Nililipa elfu tano

Siku tuliyoanua matanga, sufuria za msiba zikiwa bado zimeinamishwa juani, alifika mtu akiwa na kaunta buku kwapani. Nilimtambua kabla hajaingia uani. Tulisoma naye shule ya msingi, yeye dawati la tatu kutoka mbele, mimi la nne. Alimwamkia mama kwa heshima zote, "Mugonile," akainama, akatoa pole kwa mara ya pili maana ya kwanza alishaitoa makaburini, ambako alikuwa mmoja wa waliochimba. Akapewa kigoda. Chai akaikataa.

Kisha akafungua daftari juu ya goti.

Kurasa zilikuwa zimepigwa mistari kwa rula, kalamu nyekundu: namba, jina la kaya, kiasi, sahihi. Mimi ni mweka hazina wa kikoba chetu hapa Mwanjelwa, Mbeya mjini, nashika daftari la namna hiyo kila Jumapili, kwa hiyo jicho langu lilikwenda pale linapokwenda siku zote, kwa waliobaki. Majina yalikuwa sabini na kitu. Safu ya sahihi ilikuwa imejaa hadi chini, isipokuwa sehemu mbili.

"Dada, kaya ya mama bado."

Sikumwuliza bado nini. Tangu usiku wa kwanza wa msiba nilishasikia kwamba kijiji kinachanga ili kuwaleta lambalamba, wale waganga wanaoitwa kufichua wachawi. Mama alikuwa amerudi jikoni, na najua alisikia, kwa sababu sauti ya mwiko ilikoma.

Nikafungua pochi, nikatoa noti ya elfu tano. Akaandika, akanigeuzia daftari, nikasaini.

Leo ni wiki ya saba.

## Mistari miwili

Mnaosoma haya kutoka Mbozi, Momba, Ileje au Chunya hamhitaji kuelezwa lambalamba ni nani. Mmewaona wakichimbua pembe na vibuyu kwenye nyumba za watu huku kijiji kizima kimesimama kinatazama. Mmeona pia ni watu wa namna gani wanaotolewa nje. Mimi nataka kuzungumzia ile mistari miwili.

Wa kwanza ulikuwa wa mama yangu. Ni mjane, ana miaka 68, anaishi peke yake tangu baba alipofariki, ana migomba na kahawa kidogo, na watoto wake wote tuko mjini. Wa pili ulikuwa wa bibi anayekaa ng'ambo ya kijito. Naye ni mjane, mzee kuliko mama, na mtoto wake wa mwisho alimzika miaka mingi iliyopita.

Nilipolipa, mstari mmoja ukajaa. Ukabaki mmoja.

Sikulipa kwa sababu naamini. Wala hakuna aliyenilazimisha. Nililipa ili jina la mama yangu litoke kwenye orodha ya watu wawili, na wakati nasaini nilijua kabisa kwamba ninamwacha mwenzake peke yake. Mtu aliyewahi kushika daftari la michango anajua jina lililobaki peke yake linavyotazamwa.

Baadaye mama aliniambia kwamba bibi yule hakukosa pesa. Alikuwa nayo, ya kuuza maharage. Katibu, yule mwenye daftari, alipomfuata alimjibu, "Mjukuu wangu, siwezi kununua kamba ya kunifunga mwenyewe."

## Macho

Kuna jambo jingine, na hili nilitaka kulificha.

Tuliyemzika alikuwa mtoto wa mama yangu mdogo. Miaka sita. Aliugua siku nne. Walianza na dawa za dukani, wakaenda kwa mganga, na alipopakiwa kwenye pikipiki kupelekwa hospitali Vwawa alikuwa hajitambui tena. Hakufika. Usiku ule wa kwanza, akina mama tukiwa tumejilaza chini sebuleni, nilimwona yule bibi amekaa karibu na mlango, mgongo umeegemea ukuta. Macho mekundu, na halii. Na mimi niliyesoma, ninayekaa mjini, ninayewaambia watoto wangu kwamba hakuna uchawi, nikajikuta nawaza: mbona halii?

Wazo lile halikukaa hata dakika. Lakini lilikuja, na lilikuja bila hodi.

Macho yake ni mekundu kwa moshi. Amepikia kuni kwa zaidi ya miaka sitini ndani ya jiko lisilo na dirisha, kwenye baridi yetu inayomfanya mtu afunge mlango hata kuni zikiwa zinafuka. Mama yangu ana macho hayo hayo. Wanawake wa rika lao karibu wote wanayo. Na kulia alilia. Asubuhi nilimkuta nyuma ya nyumba anachambua maharage ya msiba, vidole vinakwenda mbio, jiwe huku, punje kule, na machozi yanadondokea kwenye ungo bila sauti yoyote. Hakujifuta, maana mikono ilikuwa kazini.

Mikono hiyo ndiyo iliyompokea kaka yangu alipozaliwa, usiku, mvua ya mwezi wa tatu, barabara imekatika.

## Katibu

Katika wiki hizi saba nimesoma sana kuhusu makundi ya chuki, ya mbali na ya karibu. Nilitarajia kukuta watu wasiofanana na sisi hata kidogo.

Norway mwaka 1997, Sweden mwaka 1998, na Ujerumani mwaka 2000, zilianzishwa huduma zinazoitwa Exit, za kuwasaidia vijana kutoka kwenye makundi ya Wanazi mamboleo. Waliofanya kazi na vijana hao walikuta kwamba wengi hawakuingia kwa sababu walikuwa na chuki kali tangu mwanzo. Waliingia kutafuta wenzao, ulinzi, msisimko, mahali pa kuitwa kwa jina. Chuki walijifunza wakiwa ndani tayari, kama mtu anavyojifunza nyimbo za kwaya akishajiunga.

Nikamkumbuka katibu. Alikuwa na duka Tunduma, likafa, akarudi nyumbani na deni. Miaka miwili alikuwa mtu wa kijiweni, watu wanampita kama kisiki. Sasa ana daftari. Wazee wanampisha kiti, akina mama wanamkaribisha chai. Nilimtazama akiandika kwa ule mwandiko wake mzuri, ambao walimu walikuwa wanautolea mfano tangu darasa la pili, nikaona mtu aliyepata kazi hatimaye.

Simtetei. Bibi yule akipigwa, daftari lile litakuwa limeshiriki, na yeye ndiye mwenye daftari. Ila nikimfanya kuwa shetani, nitakuwa nimefanya anachokifanya yeye, kumtafuta mmoja wa kubebeshwa yote.

## Mwaka mbaya

Mwaka huu ugonjwa wa chulebuni ulikula kahawa ingali mbichi. Ukipita shambani unakuta punje zimekauka, nyeusi, zimeng'ang'ania kwenye tawi. Kabla ya mtoto wetu alishafariki mwingine, kaya ya tatu kutoka kwa mama.

Kuna utafiti wa mwanauchumi Edward Miguel uliochapishwa mwaka 2005, alioufanya Wilaya ya Meatu, ambayo siku hizi iko Mkoa wa Simiyu. Aliweka rekodi za mvua pembeni ya rekodi za mauaji. Mwaka ambao mvua ilivuka kipimo, iwe ukame au mafuriko, mauaji ya watu waliodaiwa kuwa wachawi yalikuwa mara mbili ya miaka mingine. Mauaji ya aina nyingine hayakupanda. Waliouawa walikuwa wengi wao wanawake wazee, na mara nyingi waliowaua walikuwa ndugu zao.

Nilikisoma kipande hicho saa sita usiku, nikakisoma tena. Mchawi angekuwa ndiye chanzo, asingekuwa anasubiri mvua.

Lakini sitaki kuwa miongoni mwa wanaowacheka wanakijiji. Hofu yao ina historia. Tuliokuwepo Mbeya mwishoni mwa miaka ya 1990 na mwanzoni mwa 2000 tunakumbuka habari za uchunaji wa ngozi za watu, jinsi jua likizama kila mtoto alivyoitwa ndani. Mwanzoni mwa 2019 Njombe ilizika watoto waliouawa na kukatwa viungo. Watu walikufa kweli, na biashara ya imani za kishirikina ndiyo iliyotajwa nyuma yake. Msako ulipoanza, waliokamatwa ni makumi ya waganga. Sikusikia popote kwamba kikongwe wa kuchambua maharage alikutwa na kiungo cha mtoto. Hata hivyo kila hofu hiyo inapopita, inamwachia yeye deni.

## Mstari wa mchape

Nilidhani lambalamba ni kitu cha juzi. Kumbe miaka ya 1930 walipita wengine, vijana kutoka Nyasaland, Malawi ya leo, waliojulikana kwa jina la mchape. Walivuka hadi Rhodesia ya Kaskazini, Zambia ya leo, wakaingia na upande wetu, Ufipa, ambako jina kamchape limebaki mpaka leo. Walikuja wamevaa nguo za kizungu na wana vioo. Kijiji kizima kilipangwa mstari, mmoja mmoja anapita, na mwenye kioo anatazama ndani ya kioo aone nani mchawi. Kisha watu walikunywa dawa.

Audrey Richards, mwanaanthropolojia kutoka Uingereza, alikuwa kwa Wabemba wa huko Rhodesia ya Kaskazini wakati huo. Aliziangalia zile pembe zilizorundikwa kama ushahidi wa uchawi, akakuta nyingi zilikuwa vyombo vya dawa za kawaida, za aina ambayo kila nyumba inayo.

Kilichonisimamisha kwenye simulizi hiyo ni mstari. Hakuna aliyeulizwa kama anaamini. Ulitakiwa kusimama tu, na asiyesimama ameshajitaja. Miaka tisini imepita, kioo kimekuwa kaunta buku, na mimi nimesimama kwenye mstari ule ule na noti mkononi.

## Kusafisha

Kwenye kamati ya kuwaleta lambalamba hakuna anayesema "kupiga" wala "kufukuza". Wanasema kusafisha kijiji. Nililisikia neno hilo msibani zaidi ya mara tatu na sikulishtukia.

Redio RTLM ilianza kurusha matangazo Rwanda Julai 1993. Watutsi waliitwa *inyenzi*, mende. Mauaji yalipoanza Aprili 1994, wauaji waliyaita kazi, na orodha za majina zilikuwa tayari. Desemba 2003, hapa kwetu Arusha, mahakama ya kimataifa iliwatia hatiani wawili wa redio hiyo na mmoja wa gazeti la Kangura. Hukumu ile ilihusu maneno.

Sisemi kijiji chetu ni Rwanda. Nasema neno "kusafisha" lilipita sikioni mwangu likiwa limeoga, nami nikalipisha.

## "Mbona hukwenda polisi?"

Wifi yangu aliniuliza hivyo, na ana haki ya kuuliza. Sheria ipo. Sheria ya Uchawi, Sura ya 18, ni ya tangu 1928 na inafanya kumtaja mtu kuwa mchawi kuwa kosa la jinai. Sheria hiyo hiyo inampa mkuu wa wilaya uwezo wa kuamuru anayedaiwa kuwa mchawi akaishi mahali pengine, kwa hiyo inamlinda bibi kwa mkono mmoja na kumhamisha kwa mwingine. Lakini sikuacha kwenda kwa sababu hiyo. Niliacha kwa sababu mimi ningeripoti na kupanda gari kurudi Mbeya, na mama angebaki.

Nilimpigia simu kiongozi mmoja wa kule. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akasema kwa upole, "Hata mimi nilichangia, dada. Nina familia."

Baada ya simu ile nilikaa nikaanza kuhesabu, kama ninavyohesabu kikoba. Kamati ni watu saba. Wanaoamini kwa moyo wote, tuseme kumi na tano. Waliobaki, zaidi ya kaya hamsini, walilipa kama nilivyolipa mimi: ili wasitazamwe. Lambalamba hawaji kwa chuki ya wale saba, maana saba hawawezi hata kuwalipia nauli. Wanaletwa na hamsini tusiochukia mtu.

Sijui kama mnaliona jinsi ninavyoliona. Muda wote nilikuwa nauliza tuwafanye nini wenye chuki. Swali lililokuwa limekaa kwenye pochi yangu lilikuwa jingine.

## Madirisha

Desemba 1993, katika mji wa Billings, jimbo la Montana, Marekani, mtu alirusha jiwe usiku kwenye dirisha la chumba cha mtoto wa familia ya Kiyahudi, dirisha lililokuwa na picha ya kinara cha mishumaa cha sikukuu yao. Kabla ya hapo kulishakuwa na vitisho kutoka kwa makundi ya wabaguzi. Gazeti la mji, Billings Gazette, likachapisha picha ya kinara ukurasa mzima, na watu wakaikata na kuibandika. Wakristo, wasio na dini, wenye maduka, makanisa. Maelfu ya madirisha. Mwanzoni mashambulizi hayakukoma, baadhi ya waliobandika nao walivunjiwa vioo. Lakini mrushaji hakuweza tena kujua nyumba ya kulenga, na baada ya muda yakafifia.

Nimeifikiria sana habari hiyo, na nina mashaka nayo pia. Kubandika karatasi dirishani hakulingani na kukataa mchango wa lambalamba mahali ambapo mtoto amekufa juzi. Wale wa Billings hawakuwa wanamwogopa yule Myahudi. Sisi, wengi wetu, tunamwogopa bibi. Kidogo tu, pembeni ya moyo, lakini tunamwogopa, na niliyeandika haya nimo.

Wunsiedel, mji mdogo wa Ujerumani, walifanya jambo la pesa. Wanazi mamboleo walikuwa wanaandamana huko kila mwaka. Mwaka 2014 wenyeji waliahidi euro 10 kwa kila mita ambayo waandamanaji wangetembea, zote ziende EXIT-Deutschland, huduma ya kuwatoa watu kwenye makundi kama yao. Zikapatikana zaidi ya euro 10,000, na waandamanaji wakawa wanachangisha dhidi yao wenyewe kwa miguu yao. Niliwaza kaya hamsini, elfu tano tano. Ni bati ngapi kwenye nyumba ya bibi? Ni safari ngapi za pikipiki kwenda Vwawa siku ya kwanza ya homa, na si ya nne?

## Ugali

Jumanne iliyopita mama alipiga simu mwenyewe. Mama hapigi simu, huwa anabipu.

Alisema wamekwenda kumlimia bibi, akina mama wa kikundi chao cha kanisani, kumi na mmoja, kila mtu na jembe lake. Yeye ndiye aliyezunguka kuwaomba, nyumba kwa nyumba, jioni tatu. Wengi walimkatalia. Walianza alfajiri, wakamaliza jua likiwa utosini. Bibi akawapikia. Ugali, maharage na majani ya maboga. Wakatandika mkeka nje, upande wa njia inayokwenda mashineni, ambapo kila anayebeba mahindi lazima apite, na wakala.

Msomaji wa huko kwetu anajua hapo kwenye kula. Mtu akishanong'onwa, unaweza kumwamkia, unaweza hata kumsaidia mzigo, lakini chakula chake hukigusi.

"Nilimega wa kwanza," mama alisema. "Mkono ulikuwa unanitetemeka."

Nikamwuliza kwa nini.

"Kwani mimi siogopi? Nikasema, kama ni kufa nife nimeshiba."

Alikaa kimya kidogo, halafu akaniambia kwamba usiku ule jiwe lilitua juu ya bati lake. Moja tu. Na kwamba kaya mbili zimemfuata katibu kudai pesa yao. Lambalamba tarehe yao imesogezwa, hakuna anayesema mpaka lini. Wanaweza wakaja wiki ijayo.

Kisha akasema jambo ambalo halikuwa la kunilaumu, na ndiyo maana liliniuma: "Siku ile, ungeniuliza kwanza."

## Simu

Juzi nilimpigia katibu.

"Dada, pesa ikishaingia haitoki," alisema kabla sijafika popote.

"Sitaki pesa. Nataka ufute sahihi yangu."

Kimya. Nikasikia kurasa zinafunuliwa, kumbe daftari lilikuwa karibu yake.

"Nikifuta, zitakuwa kaya nne."

"Andika nne."

Kimya tena. Nilidhani amekata.

"Ni kweli mama alikula kwa bibi?"

"Alikula."

"Na wewe?"

Nilimwambia nakuja Jumamosi. Hakujibu chochote, wala sijui kama alifuta. Nilipomweleza mama, aliuliza nitashuka Mlowo saa ngapi, akasema nisinunue sukari, sukari ipo. Nilete chumvi. Ya bibi imeisha.